Sura ya Ukurasa wa Kwanza

Tangu Lajzer atoke Lublin na kuajiriwa kuchora vibonzo katika gazeti lao la Kiyahudi la Warszawa, Poland, Anszel hakuwa na raha. Yeye alikuwa na miaka kumi na moja gazetini, tena fundi wa mstari, lakini Lajzer akigusa tu karatasi wapiga chapa walikuwa washacheka. Roho ilimuuma Anszel, na sitamsitiri: ilikuwa husuda, haikuwa na jina jingine.

Majira ya baridi yale wanafunzi wenye chuki walibandika mabango mtaa wa Nalewki: Myahudi mwenye pua kubwa kama kata, tumbo na makucha. Mhariri, Mzee Kalman, alibandua moja akalileta ofisini, akalikagua huku akinywa chai, donge la sukari kalibana kwa meno. Akasema watu hawa hata kututukana hawajui, kazi hiyo tungefanya wenyewe vizuri zaidi. Basi katika toleo la Purimu, sikukuu ambayo hata rabi huchekwa mbele ya macho yake, kila mchoraji angejichora vibaya kuliko bango lile. Sharti lilikuwa moja: usimchore mwenzio. Atakayechekesha meza nzima angepata ukurasa wa kwanza.

Anszel aliutaka ukurasa ule kuliko chakula. Lakini kila alipojichora mkono ulimpendelea, akatokea bwana wa heshima. Ndipo shetani akamshauri amchore Lajzer, kisha ashikilie kuwa amejichora mwenyewe. Watu wangemtambua Lajzer na kumcheka, naye Anszel angeukalia ukurasa.

Akaweka kioo mezani, kama wachora vibonzo wote wafanyavyo, akawa anakunja uso na kuinakili mikunjo. Alizifikiria sifa za Lajzer, akachora kwa hasira: pua ya Lajzer, masikio ya Lajzer, na jicho la pembeni likimezea mate samaki wa sahani ya jirani.

Siku ya kuchagua, Lajzer alikuwa amechora pua yake imeshafika ofisini na yeye bado yuko kwenye ngazi. Walicheka sana. Kisha ukafunuliwa mchoro wa Anszel, na Mzee Kalman akashika mbavu.

"Anszel, mwanangu, kumbe unajijua hivi? Miaka yote tunakula pamoja, na jicho hilo ndilo linalokodolea sahani yangu."

Anszel akautazama upya. Pua ilikuwa ya Lajzer, ndiyo. Lakini jicho, mdomo uliobanwa, shavu lililokunjamana kwa uchungu, vyote vilikuwa vyake. Nyani haoni kundule, na huyu alikuwa amelichora kwa mkono wake mwenyewe. Kukana kungekuwa kukiri kwamba amevunja sharti.

"Ni wewe, au si wewe?" Kalman akauliza.

"Ni mimi," akasema.

Meza nzima ikampigia makofi. Lajzer ndiye aliyepiga zaidi, kisha akamsogelea akamshika bega.

"Umeniweza, kaka. Mimi nisingethubutu kujianika hivyo. Kusema kweli, nakuonea wivu."

Neno hilo Anszel alikuwa amelingoja majira yote ya baridi. Sasa limekuja, na hakuweza kuinua uso.