Siku ya Sita ya Kulinda Karanga

Kindi hawaibi usiku. Hilo ndilo jambo la kwanza Mwanaidi alilojifunza shambani kwake, nje kidogo ya Chemba, baada ya kupoteza mbegu zote za awali. Hutoka mashimoni jua likishapasha ardhi joto. Kindi mmoja hunusa mstari wa karanga, hufukua mbegu, hukaa kitako na kuitafuna akiishika kwa mikono miwili kama mtu. Kisha husogea kwenye ya pili, na ya tatu, bila kuruka hata kishimo kimoja. Jua likizidi hujikunjia mkia mgongoni, akapata kivuli chake mwenyewe, akaendelea.

Mwanaidi alipanda tena kwa mbegu za mwisho zilizokuwa ndani. Mvua ilikuwa imenyesha mara mbili tu, na haikuonekana kama itarudi. Karanga zikishachipua na kushika majani, kindi huziacha. Alihitaji siku nane. Mumewe, Adamu, alikuwa amevunjika nyonga kwa ajali ya pikipiki na alikuwa akitembea kwa kujiburuta, kwa hiyo Mwanaidi alilinda peke yake tangu kunapokucha hadi magharibi, akipiga debe na kurusha mawe. Siku mbili za kwanza kindi walipiga mluzi na kukimbia. Siku ya nne walikuwa wakisimama tu, wakimtazama.

Siku ya sita, saa tatu asubuhi, binti yao Rukia alishikwa na uchungu. Alikuwa amerudi nyumbani kujifungua mimba yake ya kwanza, na ilikuwa bado wiki tatu.

Mwanaidi alisimama katikati ya mistari, debe mkononi, hajui aanzie wapi.

"Nenda, Mama Rukia," Adamu alisema kutoka kwenye mkeka uliokuwa kivulini. "Nitalinda mimi."

"Utalindaje, nawe kusimama huwezi?"

"Nitapiga debe. Kwani debe linapigwa kwa miguu?"

Akamwachia debe, maji na kipande cha muhogo. Akampakia Rukia kwenye bodaboda, akakaa nyuma yake akimshikilia, wakaenda zahanati. Huko, kila Rukia alipopiga kelele, alimfuta jasho, akamwambia apumue. Na kila Rukia aliponyamaza, akilini aliwaona kindi wakishuka mistari yake mmoja mmoja. Alijichukia kwa hilo.

Mtoto alizaliwa alasiri. Nesi akasema Rukia abaki hadi kesho.

Mwanaidi alifika shambani jua likizama. Mkekani hapakuwa na mtu. Mistari ilikuwa imefukuliwa, vishimo vidogo vimefuatana hadi mwisho wa shamba, kila kimoja kitupu. Kwenye midomo ya mashimo ya kindi palikuwa na mawe yaliyosukumizwa ndani, na pembeni mwa kila jiwe, mlango mpya uliochimbwa siku ileile.

"Baba Rukia!"

Alimkuta amelala kifudifudi juu ya mstari wa mwisho, mkono mmoja ameunyoosha mbele na mwingine nyuma, kifua kimegusa udongo. Shati lilikuwa limemchanika na mgongo umeungua jua. Debe lilikuwa mbali, limebonyea.

"Rukia vipi?" aliuliza bila kuinua uso.

"Amejifungua. Wa kike. Wote wazima."

Mabega yake yakaanza kutikisika. "Waliacha kuniogopa, Mwanaidi. Walikuwa wanapita hapa, karibu na kichwa changu. Nilijikokota huku, wakaenda kule. Nilipoona mistari yote inakwisha nikalala hapa. Huu sikuwaachia."

Mwanaidi alipiga magoti, akafukua kwa kidole karibu na mkono wa mumewe. Karanga ilikuwa imepasuka, mzizi mweupe umeshika udongo. Akaifunika upesi. Halafu, kwa mara ya kwanza tangu asubuhi, akalia kwa sauti.

Mstari ule uliota karibu wote. Mingine ilitoa mche hapa na pale. Mwezi wa kwanza Mwanaidi alianza kulima vibarua kwenye mashamba ya watu, Rukia akibaki nyumbani na mtoto na baba yake, ambaye mgongo wake ulikuwa ukichubuka ngozi. Walipovuna, karanga zilijaa mabakuli mawili. Wakazihifadhi zote kwa mbegu. Ya kula haikuwapo hata moja.