Kanzu ya Kwendea Boma

"Nasema aende na kaptula yake! Goti lionekane!" Apolonia alisimama uani, mkono mmoja kiunoni, mwingine umeshika gongo la kaka yake, Valentini.

"Kaptula ile iliyotoboka makalioni?" Bi Moza, jirani wa ukuta mmoja, alicheka hadi chai ikamwagika. "Unataka mtaa mzima wa Mtanda useme tumempeleka Valentini boma kama mwombaji wa Ijumaa? Kanzu ya marehemu mume wangu ipo, nimeipiga pasi. Aivae, aonekane mtu."

"Wewe unaona kanzu, mimi naona chakula cha wanawe."

"Na chakula cha leo nani anapika? Si mimi? Mchele nimeshachukua dukani, nimesema Valentini akitoka boma atapitia kulipa. Watu nimeshawaalika. Unabisha nini, mwanamke wewe?"

Valentini mwenyewe alikuwa amekaa kizingitini, mguu wa kulia umenyooka mbele yake kama mpini wa jembe. Alikuwa mkwezi. Kabla lori la Tawakali halijaacha barabara na kumfuata pembezoni na mzigo wake wa madafu, hapakuwa na mnazi uliomshinda. Hospitali walilitibu jeraha, likafunga. Goti ndilo lililogoma kukunjika, na mkwezi asiyekunja goti haondoki chini. Leo huko boma Bwana Shauri, mkubwa wa serikali aliyeamua kesi, angempimia fidia.

Aliitazama kaptula. Akaitazama kanzu.

"Lete kanzu," akasema.

Apolonia alimsindikiza hadi boma. Mlangoni Valentini akavua makubazi, na gongo akaliegemeza ukutani kando yake. Alivyolelewa, haingii mtu kwa mkubwa na fimbo mkononi.

"Usiliache!" Apolonia akanong'ona.

"Nyamaza, tutaaibika."

Ndani, Tawakali mwenye lori alishapewa kiti. Bwana Shauri, Mwingereza kijana aliyebabuka pua kwa jua, alisema maneno mawili matatu, na karani Damiani akayageuza.

"Tembea mpaka mezani."

Valentini akatembea. Maumivu yalimpanda hadi kwenye meno, lakini Tawakali alikuwa akimtazama, na makarani wa dirishani pia, naye hakutaka kuchechemea mbele yao. Kanzu ilifagia sakafu.

"Mashallah! Bwana harusi huyo," Tawakali akasema. Makarani wakacheka.

Alipokalishwa, mguu ulitokeza hadi karibu na viatu vya Bwana Shauri.

"Kunja mguu!" Damiani akafoka. "Unamnyooshea Bwana mguu?"

"Haukunjiki, bwana karani. Ndilo shauri lenyewe lililonileta."

"Basi simama, mshenzi wee."

Akasimama. Hayo ya mguu usiokunjika Damiani hakumtafsiria Bwana. Bwana Shauri aliandika, akasema, karani akageuza: daktari amesema jeraha limefunga, mtu mwenyewe kaja kwa miguu yake, hana gongo, anasimama bila kushikwa. Atalipwa siku alizolala hospitali tu. Na humo itakatwa taa ya lori, iliyovunjikia kwenye goti lake.

"Itabaki nini?"

"Taa inatoka Ulaya, ghali. Hakibaki kitu. Shukuru, kilichozidi Bwana amekusamehe."

Valentini aliinama, akaishika kanzu kwa mikono miwili na kuipandisha hadi mapajani, mbele za watu. Goti likatoka, kubwa, jeusi, limekaa upande.

"Litazameni basi!"

Damiani alikuwa anafunga madirisha. "Unamwonyesha nani? Bwana ameshakwenda kula."

Nje Apolonia alikuwa akimngoja. Alimpa gongo lake, wakarudi.

Barazani kwa Bi Moza viatu vilijaa. Wali wa nazi ulinukia hadi njiani, na watu walikuwa wameshaanza. Bi Moza alitoka, vidole vinang'aa mafuta.

"Shikamoo, Bi Moza."

"Marahaba. Haya, wamekupa?"

"Hawakunipa."

Ndani mikono ilisita juu ya sinia, kisha ikaendelea.

"Ah! Basi dukani mtajuana wenyewe, maana jina ni lako." Bi Moza akanyoosha mkono. "Vua kanzu kwanza, isije ikaingia mchuzi."

Akaivua palepale barazani, akabaki na kaptula iliyotoboka, goti wazi. Apolonia akageuza uso. Mkekani wageni walikuwa wamebanana, kila mtu na magoti yake kifuani.

"Karibu ndani ule, baba, wali unapoa," Bi Moza akasema huku akiikunja kanzu. "Kaa hapo kati ya Dadi na Ambrosi. Jikunje kidogo tu, utaenea."