Vigoda Visivyo na Uso

Jambo la kwanza ambalo Lamwaka aliwafundisha watoto wa kambi ya polisi halikuwa kushika msumeno, wala kupiga msumari. Lilikuwa kuutafuta uso wa ubao.

Aliulaza ubao wa paini juu ya meza, akaupiga randa taratibu upande mmoja, akiinama kila mara kuutazama kwa jicho moja, mpaka hapakubaki bonde wala kilima. Kisha akachukua penseli iliyokuwa imechomekwa nyuma ya sikio lake, akachora juu ya upande ule mchoro mdogo uliojikunja kama mkia wa mbuzi, ncha yake ikiishia kwenye ukingo.

"Huu ndio uso," aliwaambia. "Vipimo vyote vinatoka hapa. Ukipima leo kutoka mbele na kesho kutoka nyuma, miguu ya kigoda chako itagombana mpaka kife. Na hii alama haifutwi. Hata msasa usiiguse. Siku kigoda kikikataa kusimama, utakipindua, utaitafuta alama, na itakuonyesha ulipokosea."

Lamwaka alikuwa koplo mstaafu. Sehemu kubwa ya utumishi wake aliimalizia katika karakana ya polisi, akitengeneza vitanda na madawati ya askari, mwanamke pekee miongoni mwa wanaume ambao kwanza walimcheka na baadaye wakamwazima patasi zao bila kuombwa. Alipostaafu aliomba stoo iliyokuwa tupu nyuma ya kota za askari, katika kambi iliyo mlimani juu ya soko la Nakawa, akaanza kuwafundisha watoto wa askari kila Jumamosi. Vipande vya mbao aliviokota kwa mafundi wa samani waliojipanga kando ya barabara. Watoto walimwita Afande, kama walivyowaita wakubwa wa baba zao, na walizungumza naye Kiswahili cha kambini, lugha ambayo Mwacholi, Mteso na Mganda walikutana ndani yake, kila mmoja akiwa ameacha kitu mlangoni.

Katika watoto hao alikuwamo Amito, msichana mwembamba wa darasa la sita, ambaye baba yake alipangwa lindo la bandari ya Port Bell na kurudi nyumbani kwa nadra. Amito hakuwa hodari kuliko wenzake. Alikuwa msumbufu kwa maswali, na mikono yake ilitangulia akili yake. Kigoda chake cha kwanza kilipokamilika na kuwekwa sakafuni, kilitikisika, kikaegemea upande, kikatulia kwa shida.

"Ha! Kigoda cha Amito kimetoka baa za Kabalagala!" mvulana aitwaye Okidi alipiga kelele. "Angalieni namna kinatafuta njia ya nyumbani!"

"Chako je?" Amito alimrudishia. "Kimechuchumaa kama kuku anataga."

"Lakini kuku hapana lewa!"

Stoo nzima ilicheka, na Amito mwenyewe akacheka, ingawa macho yake yalikuwa yameanza kulowa. Aliokota kibanzi, akataka kukisukuma chini ya mguu mfupi. Lamwaka akamshika mkono.

"Hapana. Kwanza niambie uliupoteza wapi uso."

Amito alikipindua kigoda. Aliitafuta alama chini ya kikalio, akatembeza kidole kutoka hapo hadi kwenye tundu la kwanza ulikoingia ulimi wa mguu, kisha la pili, kisha la tatu. Hapo kidole kikasimama.

"Hapa. Hii nilipima kutoka nyuma."

"Nani amekuambia?"

"Alama."

Siku hiyo Lamwaka aliteremka kwenda nyumbani akiwa na furaha ambayo asingeweza kumweleza mtu bila kuonekana mjinga. Hakuwa na tamaa ya kuwafanya watoto wale kuwa mafundi. Alitaka kitu kimoja tu: mtoto aweze kulipindua kosa lake mwenyewe, akalitazama na kulitaja bila kutetemeka. Katika maisha yake ya kazi alikuwa amewajua watu wazima wengi, wenye vyeo, ambao hawakuliweza jambo hilo. Amito alichonga mguu mpya. Kigoda kiliendelea kuyumba kidogo, lakini kiliyumba kwa heshima.

Taabu ilianza wakubwa wa kambi walipoitaka stoo yao. Walihitaji mahali pa kuweka matairi. Aliyewaomba wasubiri alikuwa Bonny, kijana aliyezaliwa katika kota zilezile na ambaye Lamwaka alipata kumbeba mgongoni. Sasa aliongoza shirika dogo liitwalo Mikono Midogo, nalo ndilo lililowanunulia watoto gundi na patasi. Bonny alikuwa amempata mfadhili, Ondiek, Mkenya mwenye duka la vifaa vya ujenzi, aliyekuwa tayari kuwajengea karakana yao wenyewe nje ya ua wa kambi. Ondiek alikwisha kuja mara moja, akaonyeshwa alama ya uso, akaifurahia kama mtoto. Aliahidi kurudi kuona vigoda vikiwa tayari. Akiridhika, msingi ungechimbwa. Asiporidhika, matairi yangeingia na masomo yangekoma. Kila mtu alilijua hilo, hata watoto.

Ijumaa, siku moja kabla ya ugeni, gari dogo la mizigo lilisimama mbele ya stoo. Ndani yake mlikuwa na vigoda vilivyong'aa kwa vanishi, vyote sura moja.

"Ni vya nini?" Lamwaka aliuliza.

Bonny hakumtazama. "Mama, usikasirike. Nimevichukua kwa mafundi pale chini. Vya watoto nimeviona. Vingine vina alama za vidole vyeusi, vingine vinachechemea. Siwezi weka vile mbele ya mgeni."

"Hivi vimepigwa misumari, Bonny." Alikuwa amekwisha kukipindua kimoja. "Angalia. Vichwa vimefukiwa kwa gundi na vumbi la mbao. Mimi nimewafundisha tundu na ulimi."

"Ondiek anauza simenti. Atajua wapi?"

"Watoto watajua."

"Watoto watapata karakana." Sauti yake ilishuka, ikawa sauti ya yule mtoto wa zamani aliyekuwa akiomba asisemewe kwa baba yake. "Mama, nikikosa huyu, sina mwingine. Jumamosi ijayo utawafundishia wapi? Barabarani?"

Lamwaka alitazama meza aliyoitengeneza kwa mikono yake, jiriwa iliyofungwa pembeni, mabanzi yaliyorundikana chini kama nywele zilizonyolewa. Alitafuta jibu, na alilolipata halikuwa na mahali pa kufundishia. Akanyamaza, na Bonny, aliyemfahamu vizuri, akauchukua ukimya ule kuwa ruhusa.

Watoto walipotoka shule waliitwa kushusha mzigo. Walivipanga vile vigoda karibu na mlango, na vyao wakaambiwa wavipeleke nyuma, chini ya turubai.

"Vyenu gundi haijakauka," Lamwaka aliwaambia. "Kesho wageni wataona hivi. Mkiulizwa, semeni ni kazi ya darasa."

Okidi aliangalia dari.

"Imekauka, Afande," alisema Amito. Hakusema kwa ubishi. Alisema kama mtu anayemkumbusha mkubwa wake kitu kilichomponyoka. "Juzi uligonga mwenyewe. Ukasema imeshika kama mfupa."

"Nimesema haijakauka, Amito."

Msichana alimtazama kwa muda mrefu kidogo kuliko ilivyo adabu. Kisha uso wake ukalegea, kama wa mwanafunzi ambaye hesabu imemkubalia ghafla. "Ndiyo, Afande," akasema. Wenzake walipoondoka yeye alibaki. "Nitafagia," alisema, akauchukua ufagio. Lamwaka, ambaye wakati huo hakutaka kutazamwa na mtoto yeyote, alishukuru kupata sababu ya kutoka.

Siku ya pili Ondiek alifika amevaa shati jeupe, na kicheko chake kilimtangulia mlangoni. Aliwasalimia watoto mmoja mmoja kwa mkono. Walikuwa wamesimama kila mtu nyuma ya kigoda, wamenyooka kama gwaride. Mgeni alizunguka, akagusa, akasifu. Akasimama mbele ya Amito.

"Hiki ni chako?"

"Ndiyo, Mzee."

"Haya nieleze, fundi. Ulianzia wapi?"

Amito alieleza. Alieleza namna alivyoupiga ubao randa mpaka ukanyooka, namna alivyochimba tundu kwa patasi kidogo kidogo ili mbao isipasuke. Alisema mguu mmoja ulimsumbua kwa sababu aliupima kutoka nyuma, ikabidi achonge mwingine. Aliinama, akauonyesha kwa kidole mguu wenyewe. Hakuna neno lililokuwa la uongo, isipokuwa kile kigoda.

Ondiek alitikisa kichwa kwa furaha. "Mwalimu, huyu mtoto wako anajua! Lakini ngoja. Ile alama yenu iko wapi? Ile ya mkia wa mbuzi."

Bonny alianza kukohoa na kusema jambo kuhusu soda. Ondiek alikuwa amekwisha kukipindua kigoda juu chini.

Alama ilikuwapo. Ilikuwa chini ya kikalio, pale ambapo vanishi haikufika, imejikunja vizuri, ncha yake imeishia kwenye ukingo unaostahili. Ondiek alikipindua kigoda cha Okidi: ilikuwapo. Cha aliyefuata: ilikuwapo. Vyote vilikuwa nayo.

"Haki, mnafanya kazi," alisema, na sauti yake ilikuwa imejaa. Alimgeukia Lamwaka. "Unajua, Mwalimu, mimi nilikuja kuona vigoda vya kuchechemea. Watoto ni watoto. Ningeridhika kabisa. Lakini hivi!" Alimshika Bonny bega. "Wiki hii tupime kiwanja."

Watoto walipiga makofi. Lamwaka naye alipiga, kwa sababu mikono yake ilikuwa mbele ya watu na ilihitaji kufanya kitu.

Wageni walipokwisha kuondoka, alimkuta Amito akikusanya chupa za soda.

"Nani alikutuma kuzichora?"

"Hakuna. Jana niliona havina uso. Nikajua yule mzee ataangalia." Alisubiri sifa, na ilipochelewa akaongeza kwa sauti ndogo, "Nimeweka upande wa sawasawa, Afande. Kila kimoja nilitazama kwanza ubao umelala vipi."

Lamwaka alitaka kumkaripia, lakini kila neno lililomjia lilikuwa lazima limwangukie kwanza yeye mwenyewe. Alikwenda nyuma, akafunua turubai, akakitoa kigoda cha Amito, kile chenye mguu mpya wa rangi tofauti, akakiweka mbele yake.

"Chukua. Peleka nyumbani, baba akija akikalie."

Amito alikigusa kwa ncha ya kiatu. Kiliyumba.

"Hiki?" Alicheka kidogo, kwa aibu. "Hapana, Afande. Baba atanicheka. Naweza pata kimoja cha vile?"

Msingi ulichimbwa. Kabla ya mvua za mwisho wa mwaka karakana ilisimama, ina madirisha mapana na meza mpya, na juu ya rafu karibu na mlango vilipangwa vigoda vya vanishi ili kila mgeni avione. Watoto wapya walijiandikisha. Mmoja wao aliitwa Shamirah, mdogo mno kwa meza ile, hata ikabidi apandishwe juu ya sanduku. Lamwaka alimkabidhi kwa Amito, kwa kuwa Amito sasa alikuwa msaidizi wake, naye akaenda dirishani kunoa patasi.

Alimsikia Amito nyuma yake akifundisha, kwa utulivu, kwa maneno yaleyale, hata kwa kituo kilekile cha pumzi.

"Huu ndio uso. Chora hapa, namna hii. Na alama usiifute. Hata msasa usiiguse."

"Kwa nini?" Shamirah aliuliza.

"Wageni huwa wanaangalia."

Lamwaka aliendelea kunoa. Patasi ilikuwa imekwisha kupata makali zamani.