Mabwawa Nyuma ya Ukuta wa Ansab

Mtoto wa mdogo wangu, Lujain, alikuja Maskati mwezi wa Januari kwa likizo ya wiki moja, akaniuliza swali lililonitia aibu mbele ya mume wangu.

Lujain kazaliwa Vienna na kakulia huko. Kila Jumamosi hutembeza wageni, ila hawapeleki kwenye makasri wala kwenye makanisa. Huwapeleka kwenye makaburi ya watu waliookotwa mtoni, ambao hakuna anayewajua majina. Huwapeleka kwenye karakana ya mzee anayetengeneza vinanda, na kwenye bustani iliyojificha nyuma ya hospitali ya wendawazimu ya zamani. "Wakishamaliza kupiga picha zao ndio kazi yangu inaanza," alinambia.

Siku tatu nilimzungusha. Msikiti Mkuu, jumba la opera, soko la Matrah, kasri la Alam. Alipiga picha, alisema asante. Siku ya tatu, tuko mezani tunakula, akaweka kijiko chini.

"Mamkubwa, usinichukulie vibaya. Haya yote nlishayaona kwenye simu kabla sijapanda ndege. Nyinyi wenyewe mnaokaa hapa, mnapenda kwenda wapi?"

Nimeishi Maskati miaka thelathini na tisa. Nilikuja kutoka Unguja msichana wa miaka ishirini na mbili, nikafundisha jiografia skuli mpaka nikastaafu. Watoto wa watu wengi wa mji huu mimi ndiye niliyewafundisha mito ya Ulaya. Na swali la Lujain nikakosa la kulijibu.

Kirabo, binti wa Masaka ambaye ni mwaka wa nne anatusaidia kazi za nyumbani, alikuwa anapanga glasi. Akacheka. "Sisi tunaendaga mall tu, Mama. Mall ya huku, khalas, halafu mall ya kule."

Ndipo Marhoon akazungumza. Mume wangu si mtu wa maneno. Tangu astaafu miaka miwili nyuma, alikuwa amezidi kunyamaza; husoma gazeti, huswali, hukaa barazani anaangalia njia.

"Jumamosi ntakupelekeni Ansab," alisema.

"Ansab kuna nini?" Lujain akauliza.

Nilijibu mimi, haraka. "Hakuna kitu. Ami yako anatania."

Hakuwa anatania. Ansab ndiko alikofanya kazi. Nitalisema wazi, maana kwa miaka mingi sikulisema: mume wangu alikuwa fundi mkuu wa pampu kwenye kituo cha kusafisha maji machafu. Maji ya vyoo na jikoni ya nusu ya mji. Kwetu Unguja, na hata huku, ukoo wetu umejaa madaktari na watu wa wizarani. Harusini wakiniuliza mume wangu anafanya kazi gani, nilikuwa nasema, "Yuko serikalini, mambo ya maji," halafu nageuza mazungumzo. Nyumbani nilimwekea utaratibu: aingie kwa mlango wa nyuma, viatu aviache nje, akoge kwanza ndipo aje kukaa na watu. Hakuwahi kunigombeza kwa hilo hata siku moja. Na mimi kituo kile sikukitia mguu, ingawa kutoka kwetu Bawshar ni mwendo wa dakika kumi kwa gari.

Lakini Lujain alishasikia neno Ansab, na macho yake yalikuwa yamewaka. "Mahali ambapo Mamkubwa hataki niende! Ami, mie nakuja."

Jumamosi tuliondoka asubuhi, jua bado halijapanda milima. Nilitia udi kwenye shela ili niweze kujiziba pua. Kirabo alichukua chupa ya chai na vitumbua, akakaa nyuma na Lujain. Marhoon alikuwa ameshapiga simu kuomba ruhusa, kwa kuwa watu hawaingii hivi hivi. Tukapita majumba ya Ansab, meupe, yamesongamana, kisha ukuta mrefu ambao nimeupita mara elfu nikielekea kwa wifi yangu. Mlango wa chuma ukafunguliwa.

Msimamizi wa mahali pale, mwanamke wa miaka thelathini na kitu aitwaye Ghadeer, alikuja mbio mbio kutoka ofisini. Alimpa mume wangu salamu ambayo sijapata kuona akipewa na mtu. Alimwamkia kwa heshima anayopewa mzazi, kisha akanigeukia mimi kwa Kiarabu: "Wewe ndiye mama wa nyumba yake? Karibu sana. Tumekungoja miaka mingi."

Nikagundua kwamba mkono wangu umeshika shela puani na hakuna harufu yoyote. Kulikuwa na harufu ya majani mabichi na ya udongo uliolowa, harufu ambayo kwa Maskati hata mvua ikinyesha huipati hivi.

Tulitembea kwa njia ya changarawe katikati ya matete yaliyotuzidi kimo. Marhoon alitangulia. Huyu mtu ambaye nyumbani anaburuta miguu kutoka barazani mpaka msalani, alikuwa anatembea kama kijana, halafu ghafla anasimama, anainua kidole, anasikiliza. Tulifika kwenye kibanda cha mbao chenye matundu marefu ukutani. "Msiseme kwa sauti," akatunong'oneza. "Angalieni."

Niliinama, nikaweka macho kwenye tundu.

Mbele yangu kulikuwa na ziwa. Sijui neno jingine. Nimefundisha maziwa miaka mingi, nayajua kwa ramani, na hili halikuwa kwenye ramani yoyote niliyowahi kumfundisha mtoto. Maji yalikuwa yametulia mpaka milima ya Bawshar imelala ndani yake kichwa chini. Na juu ya maji, heroe. Wale ndege warefu wa waridi ambao wengi huwaita flamingo. Walikuwa wamesimama katika ukungu mwepesi wa asubuhi, mamia, vichwa vimezama majini, wanasogea pamoja taratibu kama watu wanaovuna shamba moja. Kando yao bata wa kila rangi, na vindege vyeupe na vyeusi vyenye miguu myekundu myembamba kama njiti, vinatembea juu ya vivuli vyao wenyewe.

"Subhanallah," nilisema. Nikalirudia. Nililisema mara nne au tano, sikuweza kuacha.

Lujain hakupiga picha. Simu ilikuwa mkononi mwake, ameisahau. Nilimsikia tu akivuta pumzi.

"Wanatoka wapi?" aliuliza mwishowe.

"Wengine Irani, wengine Siberia," Marhoon akajibu. "Bata yule mwenye kichwa cha kahawia, huenda wakati wa joto alikuwa huko huko kwenu Ulaya. Huja hapa kukimbia barafu. Tulipoyajaza mabwawa haya maji tuliyokwisha yasafisha, hatukumwita ndege hata mmoja. Mwezi haukwisha, wakaja wawili. Sijui nani aliwapa habari."

Kirabo alikuwa kwenye tundu la mwisho. Ghafla akapiga kelele ndogo, akajiziba mdomo. "Ssekanyolya!"

"Nani?" nikauliza.

"Yule korongo pale, Mama, wa kijivu, kwa majani. Kwetu tunamwita ssekanyolya. Tukienda kuteka maji kwenye bwawa la Lwera tunamkuta amesimama vile vile, hatingishiki, unadhani ni kijiti. Baba yangu alikuwa anasema yule ndiye mlinzi wa maji." Macho yalikuwa yamemjaa machozi. "Miaka minne hii nafagia nyumba, mimi nadhani huku ni mchanga tu. Kumbe yuko hapa."

Marhoon akaondoka kwenye tundu lake, akamletea darubini ya kusimama, akamwekea sawa. "Ghadeer kanambia wapo kumi na wanne mwaka huu," akamwambia. "Yule mzee kuliko wote ana kovu kwenye mguu. Mtafute."

Kirabo akamtafuta. Akampata. Nilimwona akitabasamu kwa namna ambayo kwangu hajawahi kutabasamu.

Sijui tulikuwa tumekaa muda gani tai alipokuja. Mimi sikumwona. Nilichoona ni kwamba bwawa zima lilinyamaza. Vile vindege vyote vilivyokuwa vinalia vilikata sauti kwa pamoja, na Marhoon akanishika mkono, akanong'ona, "Sasa. Angalia sasa."

Kivuli kikubwa kikapita juu ya maji.

Wakaruka. Wote. Sauti yake ilikuwa kama mlango wa bahari umefunguliwa, kibanda kikatetemeka, maji yakageuka meupe. Bata walipanda kwanza, kwa makundi, wakikatana angani bila kugongana. Kisha heroe wakaanza kukimbia juu ya maji, hatua tatu, nne, na walipofungua mabawa nikapiga ukelele. Ndani ya yale mabawa ya waridi kulikuwa na wekundu uliokoza na weusi, na mamia ya mabawa hayo yalifunguka kwa wakati mmoja juu ya paa za nyumba za Ansab, juu ya matangi ya maji na nyaya za umeme, mpaka mbingu yenyewe ilionekana inageuza rangi. Walizunguka. Wakatupita juu, nikasikia upepo wa mabawa yao usoni kupitia tundu la mbao. Tai alizunguka mara mbili, akaondoka mikono mitupu kuelekea milimani. Na wao wakashuka mmoja mmoja, miguu mbele, wakarudi kuvuna kama hakuna lililotokea.

Nilikuwa nalia. Sikuwa nimejua mpaka nilipoonja chumvi.

Lujain na Kirabo walitoka nje kufungua chai. Tukabaki wawili. Marhoon bado alikuwa ameshika mkono wangu, na sidhani alilijua hilo.

"Umekuwa ukiyaona haya kila siku?" nikamuuliza.

"Kila asubuhi kabla ya zamu. Nlikuwa naja nusu saa mapema, nawahesabu, namwandikia Ghadeer kwenye daftari. Baada ya zamu narudi tena."

"Miaka yote hiyo. Marhoon, kwa nini hukunambia?"

Hakukasirika, afadhali angekasirika.

"Nlikwambia, Nasriya. Ule mwaka wa mwanzo, walipokuja wale wawili. Nlirudi mbio, sijakoga hata, nakwambia kuna ndege wa waridi kazini. Nduguzo walikuwa wamekuja kula. Ukanambia mambo ya kazini kwangu nisiyalete mezani."

Nilitaka kusema si kweli. Kisha nikakumbuka. Nilikumbuka mpaka kanzu aliyokuwa amevaa, imelowa magotini, na uso wake unavyong'ara mlangoni, na kaka yangu akicheka. Nilikumbuka nilivyomwonyesha kwa jicho mlango wa nyuma.

"Nisamehe," nikasema.

"Lilishapita."

"Halijapita. Ulinyamaza tangu siku ile."

Akanigeukia. Akanisogeza kwenye darubini, akaniwekea mkono begani. "Yule mwenye mdomo kama kijiko. Unamwona? Hebu mwangalie anavyopepeta."

Nikamwangalia. Alikuwa anapepeta maji kushoto na kulia kama mwanamke anayepepeta mchele, tena kwa haraka ile ile, na nikaanza kucheka huku bado nalia, naye akacheka, na huko nje nikawasikia Lujain na Kirabo wakitucheka sisi.

Tulikaa mpaka jua likapanda na Ghadeer akaja kutwambia muda umekwisha. Kabla hatujaondoka alinionyesha rafu yenye madaftari ya mume wangu. Nikafungua moja. Mwandiko wake, siku kwa siku, idadi na majina, na pembeni maneno machache: *leo upepo, wamekaa karibu na matete, leo wa kwanza kutoka kaskazini, wamechoka sana.* Nilimwomba Ghadeer anipe ruhusa ya kuja kulisoma kila moja.

Jioni ya siku ile mdogo wangu, mama yake Lujain, alipiga simu kutoka Vienna kuuliza mtoto anatembezwa wapi. Nikamwambia tumekwenda kazini kwa Marhoon. "Kwenye maji machafu?" akauliza. Nikamwambia ndiyo, mume wangu ni fundi wa maji machafu, ameyasafisha maji ya mji huu miaka yote, na akija nitampeleka akaone. Marhoon alikuwa barazani. Dirisha lilikuwa wazi.

Lujain aliondoka Jumatatu. Sisi sasa huenda kila Jumamosi, na Kirabo huja nasi. Yeye ndiye anayehesabu wale wa kijivu, na daftari lina kurasa zenye mwandiko wake. Mimi bado ni mwanafunzi mbaya. Nachanganya majina, naona bata ninapoambiwa kuna mwewe. Marhoon hunirekebisha, na akianza kuzungumza siku hizi hamalizi, mpaka Kirabo humwambia, "Baba, yalla, chai inapoa."

Ila wiki iliyopita, kwenye matete ya bwawa la pili, kitu kidogo cha buluu kilipita kama cheche. Nikamvuta mkono mume wangu. Alikuwa anaangalia upande mwingine. Safari hii mimi ndiye niliyeona kwanza.