Bwana Mawingu Aweka Dau la Hapana

Mtaani walimwita Bwana Mawingu, kwa sababu kila jioni alisimama kwenye televisheni, tai imemkaba shingo, akinyoosha kidole kwenye ukuta mtupu wa kijani na kutangaza joto la kesho. Utabiri wenyewe waliuandika wengine. Yeye kazi yake ilikuwa kuonyesha meno tu.

Lakini meno hayakumtosha. Alijiunga na soko la utabiri kwenye simu, watu wanakowekeana dau: je, joto la juu kesho litazidi nyuzi thelathini na mbili? Ukisema ndiyo, lazima apatikane wa kusema hapana. Bwana Mawingu alisema hapana kila siku, na hoja alikuwa nazo. Kipimajoto kinachoamua dau kiko uwanja wa ndege, penye nyasi na upepo, siyo mjini kwenye lami. Halafu watabiri wa ofisini, kwa maoni yake, walipenda mno kuzidisha. Kwa hiyo aliwatangazia wananchi joto kali kwa sauti ya asali, akaingia chumba cha vipodozi na kuweka dau dhidi ya maneno yake mwenyewe. Kwa muda alikula. Akaanza kutembea kifua mbele.

Siku moja akapandwa na tamaa, akaweka nusu ya mshahara. Kesho yake jua likawaka hadi lami ikanata viatuni. Uwanja wa ndege ukasoma thelathini na nne, vilevile alivyotangaza.

"Hongera!" mkurugenzi alimpiga bega mbele ya wafanyakazi wote. "Leo umepatia barabara! Watazamaji wanapiga simu kukusifu."

"Asante, bosi," alijibu, uso umemshuka kama amefiwa. Sijui kama mji ule uliwahi kumwona mtu aliyenuna hivyo kwa kuwa amesema kweli.

Nyumbani, mkewe, mwenye saluni, alimpokea kwa vigelegele.

"Baba watoto, leo umenitoa kimasomaso! Kuna mjinga mmoja kwenye lile soko la simu, anajiita Baridi Tupu. Kila siku anabisha utabiri wako. Nikasema, mume wangu adharauliwe hivihivi nami nipo? Nikawa naweka ndiyo dhidi yake. Amenila, amenila, lakini leo nimemnyoa kipara!"

Baridi Tupu alikuwa Bwana Mawingu mwenyewe. Faida yote aliyojitapia ilikuwa imetoka kwenye mkoba wa mkewe ulioning'inia nyuma ya mlango, na soko likimega ada yake kila ilipopita.

"Kumbe nawe unacheza kamari?"

"Kamari gani? Mimi namwamini mume wangu. Mcheza kamari ni huyo. Wateja wangu wanasema lazima ni mtu aliyeshindwa na maisha. We unamwonaje?"

"Labda... ana hoja zake."

"Hoja! Mtu mzima kubishana na sayansi?"

Angeweza kumwambia pale pale. Mjinga? Aliyeshindwa na maisha? Akaaga kwamba anakwenda msalani, akajifungia, akatazama picha za mawingu kwenye simu, akakagua upepo, akajihakikishia kuwa kesho ofisi nzima itaumbuka. Akabonyeza hapana.

Hajavuta hata maji, akasikia kicheko sebuleni.

"Baba watoto, njoo haraka uone! Karudi, na safari hii kaweka kubwa zaidi!"