Fundi Nyuma ya Mabati

Mimi Aoko, mama yake Debra, niseme mapema ili mtu asinielewe vibaya: siku ile wageni wa Debra walipokuja kwangu Asembo Bay, sikuwa na ubaya na mkwe. Mkwe mwenyewe nilikuwa simjui hata sura. Mtu niliyekuwa na ubaya naye ni fundi.

Huyo fundi ana kibanda huko Kibuye, mjini Kisumu. Anatengeneza simu, redio na mashine za gemu. Ndiye aliyemuuzia Debra pleistesheni yangu, ile niliyoiweka kwenye banda la mabati nyuma ya nyumba, vijana wa ufuoni wanakuja kucheza. Ni mashine iliyochipiwa, yaani imefunguliwa ili icheze gemu za kunakili, maana gemu za dukani zinataka mtu mwenye mshahara. Mashine nzuri, sikatai. Shida ni kwamba kila baada ya wiki chache inasahau gemu zake zote. Unawasha, maktaba tupu! Debra anafundisha nasari Kisumu na huja nyumbani wikendi, kwa hivyo yeye ndiye huibeba Jumatatu mpaka Kibuye, halafu mimi nampigia fundi simu. Sijawahi kumwona. Masikio yake ndiyo nayajua, kwa sababu nimeyachoma sana.

Na msifikiri nilikuwa nalilia biashara. Wapi! Nilikuwa nalilia timu. Ndani ya hiyo mashine mimi na Debra tuna timu yetu ya mpira, Asembo Mamas, tuliyoitoa ligi ya chini kabisa mpaka ya juu. Wikendi tunawafukuza vijana, tunashika padi mbili, yeye nyuma analinda, mimi mbele natafuta goli. Tukikosa penalti, Debra analia machozi ya kweli. Mimi nimewahi kulala bila kula kwa sababu ya kadi nyekundu. Na katikati ya mechi ndipo mtoto huyo ananiambia mambo yake, bila kunitazama, macho yote kwenye skrini.

Basi wageni wakafika, kutoka Bungoma. Debra alikuwa ametuambia mchumba wake anaitwa Wekesa, ana biashara mjini. Biashara mjini! Mimi nikafikiria hata benki. Wakaketi kwenye hema pamoja na mume wangu Ogola, spika kubwa imewekwa, mimi niko jikoni. Kwetu mama mkwe na mkwe hawachanganyiki ovyo. Hawashikani mikono, hawakai chumba kimoja, ni heshima. Kazi yangu siku hiyo ilikuwa neno moja tu. Wazee wanaweza kuongea mpaka jua lichoke, lakini wageni wamekuja kusikia mama wa msichana akisema "Ayie", yaani nimekubali. Nisiposema, wanapanda gari lao wanarudi kwao.

Nikapita bandani kuchungulia kama vijana wamezima mashine vizuri. Skrini ilikuwa inawaka. Maktaba tupu.

Nyasaye, Mungu wangu! Nikatoa simu pale pale, nikampigia fundi. Sasa sikiliza. Simu ikalia sikioni mwangu, na nyingine ikalia kule kwenye hema. Mimi hata sikujali, simu si zinalia kila mahali? Mwenye simu hiyo ya hemani, baadaye ndio nikaambiwa, alikuwa amesimama na maikrofoni mkononi akijitambulisha kwa wazee, akataka kuinyamazisha simu, na kwa haraka akabonyeza kitufe cha kupokea kwa sauti kubwa.

"Wewe fundi!" nikaanza. "Mwizi wewe! Leo umenimaliza! Maktaba tupu tena! Nikikupata nitakukaanga kama ngege wa ziwani!"

Na sauti yangu ikatoka kwenye spika. Ikapita juu ya hema, ikapita kwa jirani, ikateremka ufuoni: kama ngege! Kuku walikimbia.

"Mama," spika ikasema kwa sauti ndogo niliyoijua vizuri sana. "Pole, Mama. Niko hapa nje. Mimi ndiye mgeni."

Debra akaingia bandani mbio, amelishika gauni lake kwa mikono miwili.

"Wewe ulijua?" nikamuuliza.

"Nilijua."

"Na ukanyamaza nikimtukana wakati huo wote?"

"Mama, ulikuwa unafurahia."

Hapo ndipo hasira ikanipanda kabisa. Nikaenda dirishani nikasema kwa nguvu ili hema lote lisikie: hilo neno mnalongoja, sisemi. Timu yangu irudi kwanza. Debra akaniangalia, macho yamejaa, kwa sababu anajua mimi nikisema nimesema. Lakini niwaambie ukweli, hofu ilikuwa kubwa kuliko hasira. Timu ipotee siku ile ile mtoto anapochukuliwa, mimi nibaki na nini? Nibaki nikisikiliza vijana wakigombania padi?

Ogola akasimama. "Fundi si yuko hapa? Aingie atengeneze, tumalize."

"Aingie!" akaruka shangazi wa kijana, mama mmoja mnene anaitwa Nabalayo, ndiye aliyekuwa msemaji wao. "Chumba kimoja na mama mkwe? Kwetu mkwe akimwona mama mkwe njiani anaingia kwenye mahindi!"

Ogola hawezi kushindwa na mgeni nyumbani kwake. "Kwetu hata hayo mahindi anayaomba ruhusa kwanza."

"Basi waongee kwa simu," mtu mmoja akasema.

"Simu?" Nabalayo akashika kifua. "Sauti ya mama mkwe ndani kabisa ya sikio la mkwe? Hapana. Na tena hiyo simu tumeshaisikia."

Watu wakacheka, wazee wakakaa kikao. Kikao, ati, kuhusu pleistesheni! Uamuzi ukatoka: kijana asimame nje nyuma ya banda, mgongo kwenye mabati, uso kwa ziwa. Mimi niwe ndani. Debra asimame mlangoni, na kila neno lipitie kwake. Nabalayo aketi karibu na kijana kuhakikisha. Na mabati yenyewe ni membamba, ukijikuna kichwa ndani, aliye nje anasikia.

"Debra," sauti ikasema nje, "mwambie Mama azime kabisa, achomeke padi kwa waya, kisha abonyeze kitufe cha kuwasha bila kuachilia mpaka isikike mlio wa pili."

"Mama, zima kabisa..."

"Nimesikia. Mwambie nimesikia, mimi si kiziwi."

"Amesikia."

"Nimesikia kwamba amesikia," yule wa nje akajibu, na Nabalayo akakohoa kama aliyemeza vumbi.

Mlio wa pili ukaja. Skrini ikawa nyeusi, kisha ikaleta mistari saba.

"Achague ya tano," akasema. "Ya tano inapanga databesi upya. Ya saba asiiguse, Debra, mwambie tafadhali, ya saba inafuta kila kitu."

Kwa nini waliweka kifo na uzima kwenye orodha moja, sijui. Kidole changu kilikuwa na jasho. Nikabonyeza chini, kikateleza, alama ikapita ya tano, ikapita ya sita, ikaketi kwenye ya saba.

"Debra! Iko saba!"

"Mama usibonyeze!" akapiga kelele yule wa nje, moja kwa moja, bila Debra, na hata Nabalayo alisahau kukohoa. "Rudisha juu, Mama! Polepole! Juu!"

Nikarudisha. Sita. Tano. Nikafumba macho nikabonyeza, na nilipofumbua, kijistari cha rangi kilikuwa kimeanza kutembea kwenye skrini, kinatambaa kama konokono aliyeshiba. Nikakaa kwenye kreti ya soda.

"Muulize huyo mgeni," nikamwambia Debra, "hii mashine inaumwa nini hasa."

"Mwambie Mama gemu zote ziko ndani," akajibu. "Ni kama harusi. Watu wote wamekuja, wamekaa, lakini MC amelewa, hawezi kuwaita majina. Sasa tunamtafuta MC mwingine."

Nikacheka bila kupenda. Nikajikaza haraka. "Na huyo MC, kwa nini analewa kila mwezi?"

"Stima ikikatwa ghafla mashine ikiwa inaandika, ndiyo inaharibika hivyo."

Kule hemani Ogola akasafisha koo. Akakubali mbele ya wakwe kwamba asubuhi alichomoa waya wa mashine ili achomeke spika, kisha akapata tundu lingine akairudisha kimya kimya. Nikamwekea hiyo akilini, tutaongea.

"Ya leo ni ya Baba Debra," nikasema. "Na zile zingine zote?"

Nje, akakohoa kama shangazi yake. Si kikohozi cha mtu asiyejua. Nikageuka, nikamwona Debra mlangoni anachunguza kucha zake kama aliyeambiwa zimeletwa jana.

"Debra."

"Mama, ile ya kwanza ilikuwa stima kweli," akasema chini chini. "Nikaipeleka Kibuye, nikalia pale kibandani mbele ya watu kwa sababu ya timu. Akaitengeneza, akaninunulia soda. Halafu mashine ikapona, Mama. Ikapona kabisa! Sikuwa na sababu ya kurudi."

"Kwa hivyo?"

"Kwa hivyo nikachomoa."

"Na ulijua timu itapona?"

Akatikisa kichwa. Machozi yakamtoka. "Sikujua."

"Hakujua," akasema yule wa nje. "Nakala ya timu nilianza kuiweka kando baadaye, nilipoona anakuja sana."

Nilitaka kukasirika. Wallahi, kama marafiki zangu wa Kisumu wanavyosema, nilijaribu, nikaitafuta hasira kila mfuko. Lakini nikafikiria mtoto huyu anayelia kwa penalti moja, ameshika ule waya Jumapili jioni, anajua anaweza kuua kila kitu tulichojenga yeye na mimi, na anauvuta, ili tu Jumatatu akamwone mtu wa kutengeneza redio. Kupenda gani huko? Kicheko kikanitoka tumboni, nikashika meza, Debra naye akaanza kucheka na kulia pamoja, na kwa nje nikasikia Nabalayo akiuliza, "Kwani wamerogwa?"

Kijistari kikafika mwisho. Mashine ikazima, ikawaka yenyewe. Picha za gemu zikarudi moja moja, na juu ya kila picha, kufuli.

"Kufuli!" nikalia. "Zimefungwa zote!"

"Mwambie ni kawaida. Ikizimwa kabisa inajifunga. Achomeke ile flashi nyekundu niliyowapa aifungue upya kama siku zote."

Vidole vyangu havikufaa tena, Debra akaacha mlango akaja kuchomeka. Tukangoja tumeshikana. Kufuli zikatoka. Tukafungua gemu yetu, na Asembo Mamas wakasimama pale, wote, na jezi zao za manjano, Debra namba nne, mimi namba tisa na miguu myembamba nisiyokuwa nayo duniani. Tukaruka! Tuliruka mpaka mabati yakalia, na akina mama kule hemani wakadhani nimesema lile neno, wakapiga vigelegele.

"Bado!" nikapiga kelele dirishani. "Nyamazeni! Sijasema!"

Vikakatika katikati. Debra akaniachilia mkono.

"Baba Debra," nikaita, "kabla sijasema lile neno, huyu ni mkwe au si mkwe?"

Wazee wakanong'onezana. "Bado si mkwe," Ogola akasema.

"Kwa hivyo bado ni fundi wangu. Naweza kuongea na fundi wangu bila mtu katikati?"

Nabalayo ndiye aliyejibu, na nadhani alikuwa ameshaelewa. "Muongee, Mama. Lakini kidogo."

Nikausogelea ukuta mpaka pua ikakaribia kugusa mabati.

"Fundi!"

"Ndio, Mama."

"Mwizi wewe!"

"Ndio, Mama."

"Uliniuzia mashine imechoka, waya umefungwa na selotepu!"

"Ni kweli, Mama."

"Nimemaliza salio langu kukutukana, kumbe wewe muda wote unakunywa soda na mtoto wangu!"

"Ndio, Mama. Fanta."

"Usinijibu! Sasa sikiliza. Huyu akinyamaza usidhani amepoa, ana hasira kunishinda mimi. Akiumwa hasemi, utaona tu amekataa chai. Akilia kwa sababu ya mpira, usicheke, mpe kitambaa. Na akitaka kuja kwangu, umwachilie aje. Asiharibu kitu kwanza ndipo apate sababu. Umenisikia?"

"Nimesikia, Mama."

Nilikuwa na mengine, matusi mazuri kabisa niliyokuwa nimeyaweka, lakini nikayaacha. Nikamtazama Debra. Alikuwa amesimama katikati ya banda, padi mkononi, hapumui. Mtoto wangu alikuwa na hofu na mimi, na sikutaka awe nayo hata dakika moja zaidi.

"Ayie," nikasema. "Nimekubali."

Hema likalipuka. Vigelegele, spika, Ogola akajikwaa kwenye waya wake mwenyewe, Debra akaning'inia shingoni karibu anivunje. Na pale nyuma, mahali ambapo yule kijana alikuwa ameegemea, mabati yakaanza kutetemeka polepole. Alikuwa anacheka au alikuwa analia, sikujua, na sikuwa tena na ruhusa ya kumuuliza.