Chumba cha Mama Chenye Milango Miwili

Katika saluni ile sheria ilikuwa moja: anayesukwa ndiye anayesoma. Msusi aliitunga mwenyewe, kwa kuwa mikono yake ilikuwa na kazi na masikio yake hayakuwa nayo, na rasta ndogondogo hula mchana mzima. Ukikaa kwenye kile kiti unasoma kwa sauti. Kama hukuja na kitu chako, utasoma maelezo ya kopo la mafuta ya nywele mpaka ukome. Hivyo ndivyo Msusi alivyopata elimu yake. Alijua magonjwa ya kuku, sheria za barabarani, na nusu ya riwaya moja ya mapenzi, ambayo mwenye nayo alihamia mji mwingine akaondoka na nywele mpya na mwisho wa hadithi.

Siku hiyo aliyekaa alikuwa mwalimu wa historia, mwanamke mwenye sauti ya darasani, na alikuja na kitabu kinene cha historia ya mipaka. Msusi alipoona jalada limejaa ramani, moyo ulimshuka.

"Mwalimu, humo ndani hakuna hata watu wawili wanaopendana?"

"Humu wanagawana tu."

"Haya, soma. Tukikosa mapenzi tusikose ugomvi."

Mwalimu akasoma. Akasoma jinsi mabwana wenye ndevu zilizochanwa vizuri walivyokusanyika kwenye meza ndefu, mbali huko, wakagawana mito ambayo hawakuwahi kunywa maji yake. Walitumia rula. Penye mlima walipinda, pasipo mlima walinyoosha, na penye watu hawakuona kitu. Kazi ilipokwisha walikwenda kula. Shamba likabaki huku na kisima kikabaki kule, na shangazi wa watu akalala mwenyeji akaamka mgeni.

Msusi akasimamisha mikono.

"Huyo ni baba mdogo," alisema.

Hakukosea sana. Baba mdogo wake, ukoo mzima ulimwita Mpatanishi, kwa sababu alikuwa amepatanisha watu wengi na wote mpaka leo hawasemezani. Baba yao alipofariki, Msusi na mdogo wake wa kiume walibaki na nyumba moja na mama mmoja. Mdogo mtu alikuwa fundi wa milango ya chuma, na karakana yake ilikuwa ndani ya nyumba hiyohiyo, ng'ambo ya koridoo kutoka saluni. Yeye alilalamikia harufu ya dawa za nywele. Dada yake alilalamikia kelele za grenda ya kukatia chuma. Siku moja fundi akasema heri grenda, maana yenyewe huzimwa mchana ikapumzika, lakini mdomo wa saluni haupumziki. Msusi naye akamjibu kwamba milango yake inalia kama mbuzi wa kuchinjwa. Hapo ndipo salamu zilipokatika.

Mpatanishi akaitwa. Akakaa barazani, akaomba rula, akageuza kalenda ya mwaka uliopita na kupiga mstari nyuma yake. Ndani hakuingia, alisema nyumba ya marehemu kaka yake anaijua kama kiganja chake. Mstari ukapita katikati ya koridoo, ukaingia jikoni, ukampa fundi jiko na Msusi ukampa sinki, hivyo mmoja akawa na uwezo wa kupika na mwingine wa kuosha vyombo ambavyo hana cha kuvichafulia. Ulipofika chumbani kwa mama uliangukia kitandani. Mpatanishi akashtuka, akaupinda kidogo kwa heshima ya mzazi, akasema chumba kihesabiwe upande ule unakofungukia mlango wake. Ulifungukia upande wa fundi. Wakampa soda, akaenda zake.

Sasa ukuta wa kuufuata mstari huo ulikuwa ujengwe Jumamosi. Matofali yalikwisha shushwa uani, na mwashi alikuwa amelipwa nusu na mkewe fundi, aliyeutaka ukuta huo kuliko mumewe. Ukuta ukisimama, koridoo imezibwa. Kila asubuhi kabla ya kufungua saluni Msusi alikuwa akivuka koridoo ile kwa ndala kumpelekea mama chai, wakasengenya majirani kidogo, kisha siku ikaanza. Baada ya Jumamosi ingebidi azunguke mtaa mzima na kikombe mkononi, abishe kwenye geti la mdogo wake, geti lenye kidirisha cha kuchungulia watu, na wifi yake atoe jicho moja pale na kusema, "Subiri." Jicho hilo Msusi alikuwa akiliona hata usingizini. Mama ni wake pia, na hakuna uchungu kama kuomba ruhusa ya kumwona mama yako.

"Endelea, mwalimu," alisema, na sauti yake haikuwa na mzaha tena.

Mwalimu akageuza kurasa, akafika kwenye mji mmoja wa Ulaya ambako mpaka unapita ndani ya nyumba za watu. Sebule nchi hii, choo nchi ile. Huko, kikasema kitabu, nyumba huhesabiwa kuwa ya nchi unakofungukia mlango wa mbele. Kwa hiyo waliochoshwa na kodi za nchi moja walihamisha mlango tu, wakawa raia wa kodi nyingine bila hata kuhamisha kitanda.

"Rudia hapo."

"Walihamisha mlango."

"Na serikali ikakubali?"

"Ndivyo wanavyosema."

Msusi akaachia rasta ikaning'inia. "Mwalimu, nywele zako tutamalizia Jumamosi."

"Nusu kichwa? Kesho naingia darasani!"

"Wafundishe mgawanyiko," Msusi alisema, na kumfunga kitambaa.

Ijumaa mama alikwenda kumjulia hali rafiki yake mgonjwa, na Msusi akaona nafasi ndiyo hiyo. Alitafuta mwashi wa mtaa wa mbali, asiyejua mtu. Mlango aliununua sokoni, mlango wa mbao nyepesi uliopakwa rangi ili usijulikane umri wake, kwa sababu fundi bora wa milango mjini alikuwa mdogo wake, na huyo hawezi kumwagiza kitu. Nyundo ikalia. Ukuta kati ya chumba cha mama na saluni ukatobolewa, fremu ikapachikwa, na alasiri haijaisha mama alikuwa na mlango wa pili unaofungukia moja kwa moja kwenye kiti cha kusukia.

Fundi alizima grenda na kuja mbio. Akasimama kwenye mlango wake wa chuma, dada mtu akasimama kwenye wake wa mbao, kitanda cha mama katikati. Yalikuwa mazungumzo yao ya kwanza tangu Mpatanishi awapatanishe.

"Dada, umefanya nini?"

"Mama amehamia kwangu. Chumba kinahesabiwa kwa mlango wa mbele. Imeandikwa."

"Imeandikwa wapi?"

"Ulaya."

"Na mlango wangu je? Si bado upo?"

"Wako ni wa nyuma."

"Nyuma ya nini? Mama akilala kichwa kiko kwangu!"

"Na miguu iko kwangu, na mtu hutembea kwa miguu."

Walikuwa bado kwenye viungo vya mwili wa mama yao pale mwenye viungo aliporudi. Alisimama akatazama. Vumbi la saruji lilikuwa limelala kitandani kama mgeni asiye na haya. Kabati lilisukumwa pembeni, na picha ya marehemu mumewe ilikuwa imegeuzwa ikatazama ukuta, pengine kwa hisani. Mama akaigeuza, akaifuta kwa kiganja.

"Nani kavunja ukuta wangu?"

Msusi akaeleza habari za kitabu, haraka haraka, mji, mpaka, kodi, mlango. Mama akamsikiliza mpaka mwisho.

"Hao waliohamisha milango," aliuliza, "ni wenye nyumba wenyewe?"

"Ndiyo, mama. Mwenye nyumba mwenyewe anaamua."

"Ahaa," mama akasema, akaanza kukung'uta shuka.

Msusi alitamani sakafu immeze. Mchana mzima juzi aliwacheka mabwana wa ndevu kwa kukata nchi za watu bila kuwauliza, naye kumbe tofauti yao ni kwamba wao walitumia rula na yeye nyundo. Alitaka kuomba radhi, lakini mdogo wake alikuwa bado amesimama pale, na mbele yake hakuwa tayari kukiri hata kama jua huchomoza asubuhi.

Jumamosi mama aliamka mapema, akaoga, akavaa gauni la kwendea misibani, akaweka kigoda katikati ya chumba. Habari za mlango mpya zilikuwa zimeshaenea, na watu hupenda njia ya mkato. Mteja wa kwanza wa milango aliyetaka kupitia saluni alikutana na mama.

"Unatoka wapi?"

"Barabarani, mama."

"Unakwenda wapi?"

"Kwa fundi."

"Kufanya nini? Umebeba nini humo? Wazazi wako hawajambo?"

Yule mteja alikaa pale mpaka akataja ukoo wake. Wifi naye alikuja na sufuria chafu, akifuata sinki, na mama akafunua mfuniko, akanusa, akamuuliza nani aliyeunguza. Mwalimu wa historia, na kilemba chake cha nusu kichwa, alichungulia kutoka saluni, akasema hajapata kuona kituo cha mpakani kikali namna hii. Mama akamwambia asichungulie nchi za watu.

Ndipo fundi akaingia na mwashi, wakiwa na futi ya kupimia, na kutoka upande wa pili Msusi akaingia na ufagio, akiwa amekwisha ukamata kwa namna ambayo si ya kufagilia.

"Mnakwenda wapi?" mama akawauliza.

"Tunapita tu, mama," fundi akasema.

"Na mimi napita," akasema Msusi.

"Hapa si pa kupita," mama akasema. "Hapa ni pa kufikia. Mimi ndiye mnayefikia kwangu. Kaeni."

Wakakaa, fundi kichwani mwa kitanda, Msusi miguuni. Mama akamwambia mwashi akanywe maji, na maji yenyewe asiharakishe. Kisha akajitanda mtandio, akatoka kwa mlango wa chuma na kuufunga kwa nje. Walisikia komeo likiingia, komeo ambalo fundi aliwahi kuapa mbele ya wateja kwamba halifunguliki hata kwa tembo. Wakasikia ndala za mama zikipita koridoo, ambayo bado ilikuwa wazi, zikaingia saluni, na kitasa cha mlango wa mbao kikageuzwa mara mbili. Dirisha lilikuwa na nondo. Nondo alizichomelea fundi.

Kiti cha kusukia kikalia. Mama alikuwa amekaa. "Soma, mwalimu," wakamsikia. "Lakini polepole, nataka kuwasikia hao."

Fundi akatazama mlango mpya juu mpaka chini, kama daktari anayemtazama mgonjwa wa mganga mwingine.

"Huu nani alikuuzia?"

"Sokoni."

"Wamekuibia, dada. Hii ni karatasi. Naufungua kwa bega moja."

"Basi ufungue. Nina mteja nusu kichwa pale."

Fundi akainuka. Akaweka kiganja kwenye ubao, ukabonyea kabla hajausukuma. Upande wa pili mwalimu alikuwa amenyamaza, na aliyebaki kusikika ni mama, akipumua karibu kabisa na tundu la ufunguo. Fundi akaondoa mkono. Akarudi kitandani, na safari hii hakwenda kichwani.

"Mgumu huu!" akasema kwa sauti kubwa.

Msusi akamtazama. Kisha akasogea, akampa nafasi.

"Mgumu kweli," akajibu, kwa sauti ya kutosha kufika saluni.